Mlango wa Mwalimu Sellah

Mwalimu Sellah alimwona msichana huyo kwa mara ya kwanza kwenye foleni ya uji.

Ulikuwa mwaka wa 1992, mwezi wa tatu, na mvua za kupandia zilikuwa hazijashika vizuri. Uwanja wa kanisa moja mjini Kitale ulijaa watu waliokimbia vita vya kikabila kwenye miteremko ya Mlima Elgon: akina mama wenye sufuria zilizopondeka, wazee waliobeba redio zisizo na betri, watoto wengi, na kuku wachache waliookolewa. Wanawake wa kanisa walipika uji kwa zamu. Zamu ya Sellah ilikuwa Jumamosi, maana siku nyingine alifundisha shule ya msingi huko Tuwan. Alikuwa mjane wa makamo, mrefu, mwenye sauti ya kusikika madarasa matatu. Akitoka darasani hakuwa msemaji.

Msichana alikuja na kikombe chake akasimama kwenye foleni. Mtu mwingine alipokuja kusimama nyuma yake, alitoka, akazunguka, akarudi mwisho wa foleni. Mwingine tena alipokuja nyuma yake, alitoka tena. Mwishowe aliacha kabisa, akaenda kuketi chini, mgongo wake umebanwa kwenye ukuta wa kanisa, kikombe kitupu mapajani. Alivaa sweta ya shule ya kijani, na ingawa jua lilikuwa kali hakuivua.

Sellah alipomaliza kugawa alijaza kikombe kimoja akampelekea. Hakumwuliza kitu. Aliketi kando yake, si karibu sana, naye akaegemea ukuta uleule. Jumamosi iliyofuata alifanya vivyo hivyo. Mara ya tatu msichana alimwambia jina lake, Nekoye, na kwamba alikuwa kidato cha pili kabla ya shule yao kufungwa kwa sababu ya vita.

Mama yake, Nakhungu, aliwaambia watu kwamba binti ana malaria. Sellah aliijua malaria, na alijua hii haikuwa hiyo, lakini hakubishana naye. Alimwomba tu amsaidie kuchambua maharagwe ya kanisa. Wakachambua pamoja, karai likiwa katikati yao, na karai lilipofika nusu Nakhungu akaanza kusema bila kuinua macho. Wavamizi walikuja alfajiri. Mumewe, Mukhisa, alikuwa amekwenda na wanaume wengine kulinda ng'ombe. Yeye alikimbilia migombani na wale wadogo, akiamini Nekoye anafuata nyuma. Hakuwa nyuma. Walimpata jua limeshapanda, karibu na mto, anatembea peke yake polepole kama mtu aliyetumwa dukani akasahau alichotumwa.

"Hajalia mpaka leo," Nakhungu alisema. "Mwalimu, kama ungekuwa mzigo wa kichwa ningemtua nikaubeba mimi. Sasa huu nitaubebaje?"

 Sellah aliendelea kuchambua.

Ndipo akaelezwa na lile lingine. Mukhisa alikuwa na haraka. Alikuwa mkulima wa kuheshimika huko walikotoka, mwenye nyumba ya mabati na ng'ombe wa maziwa, na vyote vilikwisha kwa asubuhi moja. Hili la binti yake hakulitamka hata mbele ya mkewe. Badala yake alitafuta mume. Alimpata mtu mmoja wa Kiminini aliyefiwa na mke, jina lake Jotham, mtu mzima asiyeuliza maswali mengi. Mukhisa aliona kwamba msichana akiolewa upesi jambo litafunikwa, na likifunikwa litakuwa kama halikutokea.

Sellah alijua kwamba akimwendea mzee huyo na maneno ya kumkosoa hatasikilizwa. Alimwendea na salamu ya kwao, mulembe, akaketi, wakazungumza habari za mvua na mbegu. Kisha akamwomba binti. Alisema anaishi peke yake, watoto wake wamekua wakaenda zao, anahitaji msichana wa kukaa naye, na kwamba jioni atamfundisha asije akasahau vitabu. Mukhisa akafikiri. Kukaa nyumbani kwa mwalimu hakukuwa aibu. Alikubali, lakini kwa muda tu, mpaka mambo yatulie.

Siku ya pili yake Sellah alimpeleka Nekoye hospitali. Karani wa mapokezi aliuliza kwa sauti, mbele ya watu, msichana ana shida gani. Sellah akamwinamia akamwambia kwamba shida hiyo husemwa mlango ukiwa umefungwa. Nesi mmoja aliyekuwa akipita, Dinah, alisikia, akawachukua mpaka chumba cha ndani, akamwomba daktari mwanamume asubiri nje. Kila alichotaka kufanya alikieleza kwanza, kisha akangoja mpaka Nekoye atikise kichwa kukubali. Alimpa dawa. Alimhakikishia kwamba hana mimba. Damu, alisema, ingepimwa tena baada ya miezi kadhaa kwa ajili ya ule ugonjwa ambao siku zile watu waliutaja kwa kunong'ona.

Nekoye alisikiliza yote. Alipokuwa anafunga viatu aliuliza swali moja.

"Itaonekana?"

Dinah alielewa. Alichuchumaa mbele yake ili wawe usawa.

"Hapana. Hakuna mtu anaweza kukutazama akajua. Siku ukitaka mtu ajue, wewe ndio utamwambia. Usipotaka, ni yako."

Kituo cha polisi hakikuwafaa. Mtu wa zamu aliuliza kama Nekoye anawajua waliomdhuru kwa majina, na alipoambiwa hapana alisema vita huwa na mambo yake, warudi nyumbani wamshukuru Mungu kwa uhai. Njiani Nekoye alimwomba Sellah asimpeleke tena mahali pale. Sellah alimwahidi, na ahadi hiyo aliitimiza.

Nyumba ya Sellah ilikuwa ya vyumba viwili, na jiko nje. Alimpa Nekoye chumba kidogo, akasukuma kitanda mpaka ukutani, akamkabidhi ufunguo. Alimwambia ufunguo ni wake, na kwamba hata yeye mwenye nyumba atabisha hodi. Na kweli alibisha hodi kila mara, hata alipotaka kuchukua ufagio tu. Akipita nyuma ya msichana alianza kusema akiwa mbali, "Mimi huyu napita." Hakumbembeleza aseme. Aliwahi kuona jipu likitumbuliwa kabla ya kuiva, na aliamini maneno nayo yako hivyo.

Yaliiva yenyewe, mchana mmoja walipokuwa wanapukuchua mahindi. Nekoye alisimulia kwa kifupi, na sehemu kubwa aliiruka. Kilichomkaa moyoni, alisema, ni kwamba walipokuwa wanaondoka mmoja wao alirudi, akaokota sweta yake, akamfunika.

"Alinifunika kama mtu mwema," alisema. "Mwalimu, hiyo ndiyo siwezi kuelewa."

"Mimi pia siielewi," Sellah akasema.

Nekoye akalia, kwa mara ya kwanza. Alilia akiendelea kupukuchua, punje zikidondoka kwenye ungo. Alipochoka aliingia jikoni, akaivua ile sweta, akaisukuma motoni chini ya sufuria ya maharagwe. Sufu iliyoungua ilinuka nyumba nzima.  Sellah alisogeza kuni.

Mambo yakawa afadhali kidogo. Nekoye alianza kwenda sokoni, mwanzoni akimshika Sellah mkono kama mtoto, baadaye peke yake. Aliwasaidia watoto wa jirani hesabu. Kulikuwa na siku alicheka, na kulikuwa na siku hakutoka chumbani, na Sellah alimwekea chakula mlangoni akamwambia kipo.

Ndipo Dinah alipokuja na ombi. Wodini kwake kulikuwa na msichana mwingine, Chesang, Msabaoti, wa kabila la wale waliovamia akina Nekoye, ambaye alikuwa hajamaliza hata darasa la nane. Baba yake aliuawa, ndugu zake wametawanyika juu mlimani. Waliomdhuru walikuwa vijana wa Kibukusu waliosema wanalipiza kisasi, na sasa alikuwa na mimba. Hospitali ilihitaji kitanda. Kanisani hakuweza kupelekwa, kwa kuwa uwanja wote ulijaa Wabukusu wenye uchungu mbichi. Dinah hakujua nyumba nyingine ya kubisha.

Sellah mwenyewe alikuwa Mbukusu. Mwezi wa pili mwaka huohuo mdogo wake wa kiume alikuwa amepigwa mshale akiwa shambani kwake, wakamzika haraka bila hata kukesha. Alimwambia Dinah ampe nafasi afikiri. Aliketi jikoni mpaka chai ikapoa mbele yake. Alimfikiria ndugu yake, na kila alipomfikiria aliona kwamba msichana wa darasa la nane hakuwa ameshika upinde. Akakubali. Kisha akaenda kubisha mlango wa Nekoye.

Nekoye alisikiliza mpaka mwisho.

"Yeye akiingia, mimi natoka," akasema.

"Ameumizwa kama wewe."

"Si kama mimi. Watu wao ndio walifanya." Sauti yake ilikuwa kavu. "Watu wao, Mwalimu."

"Na watu wetu ndio walimfanya yeye," Sellah akasema. "Sitakuzuia kwenda, na kitanda chako hakuna atakayekigusa. Lakini huyu mtoto hana pengine."

Nekoye alifunga nguo zake kwenye leso akarudi kanisani kwa mama yake.

Mukhisa alifurahi kumwona, akatuma habari Kiminini siku hiyohiyo. Jotham alikuja na ndugu yake mmoja, wamevaa makoti, wakakaribishwa kwenye benchi nje ya hema la familia. Hakuwa mtu mbaya. Alimwuliza Mukhisa habari za vita kwa heshima, akasikitika panapohitaji kusikitika. Nekoye aliambiwa alete chai. Alipokuwa ameinama anamimina, Jotham alinyanyuka akapita nyuma yake, akamwekea mkono begani kwa upole, akasema wasiwe na wasiwasi, yeye atamtunza.

Nekoye aliweka birika chini taratibu. Akatoka kwenye lango la kanisa, akakatiza mji kwa miguu mpaka Tuwan, bila viatu, bila kumuaga mtu yeyote.

Sellah alikuwa shuleni. Nyumba ilikuwa wazi. Jikoni, juu ya gunia lililotandikwa karibu na mawe ya moto, Nekoye alimkuta msichana mdogo amelala amejikunja. Baadaye Sellah alimweleza kwamba kila siku alimwambia Chesang aingie chumbani, na kila siku Chesang alikataa, akisema kitanda ni cha mwenyewe.

Nekoye alisimama akimtazama. Chesang akafumbua macho, akarudi nyuma mpaka ukutani. Waliangaliana.

"Hapo kuna siafu," Nekoye alisema. "Njoo ndani."

Huo haukuwa urafiki. Walilala chumba kimoja, Nekoye upande wa ukuta, Chesang upande wa mlango, wakizungumza Kiswahili cha shule na kwa maneno machache: maji yamechemka, kuni zimeisha, zamu yako. Majuma yakapita hivyo. Sellah hakuwasukuma. Siku moja alisikia wanabishana juu ya namna ya kupika mboga, mmoja akisema mrenda hautiwi maziwa na mwingine akishikilia kwamba kwao mboga bila maziwa ni majani tu ya mbuzi, akaona hiyo ni hatua.

Jirani fulani alimsikia Chesang akiongea lugha yake usingizini, na neno hilo likatembea Tuwan. Watu walianza kunyamaza Sellah alipopita. Jumapili moja, baada ya ibada, wanaume walikuja wakajaa mbele ya nyumba yake. Wengine walikuwa wa mtaani, wengine wametoka kambini kanisani. Wachache walishika rungu. Mbele alikuwa kijana mmoja fundi wa baiskeli, ambaye Sellah alimfundisha kusoma alipokuwa mtoto.

Sellah alisimama mlangoni. Fundi alimsalimu kwanza, kwa mazoea, kisha akasema hawana neno na yeye, amtoe tu yule msichana wa adui.

"Ni mgeni wangu," Sellah akasema.

"Ati mgeni? Watu wetu wako chini ya udongo, na wewe unamlisha?"

"Mdogo wangu pia yuko chini ya udongo. Ulikuja kwenye mazishi, nilikuona."

Kijana aliangalia pembeni, lakini wale wa nyuma walisukuma, na duara likasogea karibu. Sellah alishika mwimo wa mlango. Ndani, Chesang alikuwa ameingia chini ya kitanda na tumbo lake. Ndipo Nekoye akapita kando ya Sellah, akasimama kizingitini.

Hakupaza sauti.

"Mkimtoa, mnataka kumfanya nini?"

 Mtu mmoja alikohoa.

"Nauliza. Mko wengi, yeye ni mmoja. Mkimtoa humu mtampeleka wapi, mumfanye nini?"

Fundi wa baiskeli alisema hakuna baya, aende kwao tu.

"Kwao kumechomwa. Na njiani je?" Nekoye alimtazama mmoja, akamtazama mwingine. "Mimi najua watu wengi humfanya nini msichana mmoja. Nilifanyiwa. Lakini nataka mseme nyinyi, kwa mdomo, mchana huu, watu wakisikia."

Akawa anaendelea kupitisha macho, na macho yake yakamfikia mtu aliyesimama karibu na ua, fimbo mkononi. Alikuwa baba yake. Mukhisa alikuwa amekuja kumfuata binti yake, akakuta watu wanakwenda huko huko, akaungana nao.

"Baba," Nekoye akasema. "Na wewe unataka kumfanya nini?"

Mukhisa hakuwahi kusikia jambo lile likitamkwa. Alikuwa amelikimbia kanisani, amelikimbia kwa mkewe, amelitafutia mume wa kulifunika, na sasa lilikuwa limesimama juu ya kizingiti na uso wa mtoto wake. Alifungua mdomo. Alitazama fimbo kana kwamba mtu mwingine ndiye aliyemshikisha. Halafu akawageukia wale wanaume.

"Twendeni," akasema.

Hakusema kwa nguvu, lakini alikuwa mzee wao, na alianza kutembea. Wengine wakamfuata, wakipita mmoja mmoja kwenye kichochoro bila kuzungumza. Fundi wa baiskeli alibaki nyuma kidogo, akatema mate chini, akaenda naye. Sellah aliketi kwenye kizingiti palepale. Nekoye aliingia ndani, akalala sakafuni, akaingiza mkono chini ya kitanda mpaka Chesang alipoushika.

Asubuhi yake Nakhungu alikuja. Alisema Mukhisa hakula, na kabla jua halijachomoza alitoka kwenda Kiminini mwenyewe kumwambia Jotham kwamba hana binti wa kuozesha. Kisha, akiwa anarekebisha leso kichwani, aliongeza kwamba kama mumewe asingeenda, yeye angekwenda.

Chesang alijifungua wakati mahindi yanavunwa. Tangu mwanzo alikuwa amemwambia Dinah hatamtazama mtoto huyo, na Dinah alimwambia hakuna atakayemlazimisha, kuna masista watakaompokea. Uchungu ulianza asubuhi na kufikia alasiri ulikuwa umemchosha kabisa. Nekoye aliruhusiwa kukaa upande wa kichwa chake. Mtoto alitoka, wa kiume, mlegevu, wa rangi ya majivu. Hakulia. Dinah alimsafisha mdomo, akampulizia, akamsugua mgongo, akampulizia tena. Chumba kilikuwa kimya kiasi kwamba walisikia mtu anafagia nje.

"Amekufa?" Chesang aliuliza.

 Aliuliza tena, na safari hii alijiinua kwa viwiko. Kisha ikasikika sauti nyembamba, kama mlango usiopakwa mafuta, ikakatika, ikarudi. Chesang akanyoosha mikono yote miwili.

Baadaye alimwambia Nekoye kwamba alidhani angefurahi mtoto akifa. Mtoto aliponyamaza vile, yeye alishangaa kuona anaogopa. Alimwita Kiptanui, jina ambalo kwao hupewa mtoto aliyezimia wakati wa kuzaliwa kisha akazinduka.

Isidhaniwe kwamba yote yalikuwa mepesi baada ya hapo. Zilikuwepo siku Chesang alimweka mtoto kitandani, akatoka nje akaketi akitazama ukuta, na mtoto akalia mpaka Nekoye akamchukua. Sellah hakumkemea. Alimpikia uji, akamwekea karibu. Baada ya saa, au baada ya siku nzima, Chesang alirudi ndani akamtaka mtoto wake.

Mwaka uliofuata baba mdogo wa Chesang, Kipketer, aliteremka kutoka mlimani kumtafuta. Alikuwa mtu wa kofia na maneno taratibu. Alileta kibuyu cha mala, maziwa ya kuganda, akamshukuru Sellah kwa hotuba ndefu ambayo hakika alikuwa ameitunga njiani. Alisema wameanza kujenga upya, na Chesang anaweza kurudi nyumbani. Mtoto, hapana. Watu wangemtazama kila siku na kukumbuka damu yake.

Chesang alikuwa ananyonyesha. Alimpangusa mtoto mdomo kabla ya kujibu.

"Basi tutabaki huku, Baba."

Kipketer alitazama kofia yake. Hakulazimisha. Aliondoka, kibuyu akakiacha. Mwaka mwingine alikuja tena bila kuitwa, akamkuta Kiptanui anakimbia na kuangusha vitu, akamnyanyua, akamweka gotini, wala hakusema lolote kuhusu damu.

Nekoye alirudi shule, kidato cha tatu, shule ya bweni upande wa Bungoma. Muhula wa kwanza alitoroka mara mbili akaja Tuwan, na mara zote mbili Sellah alimrudisha mwenyewe, akakaa ofisini kwa mwalimu mkuu mpaka wakapata kitanda cha kona. Alimaliza. Alikwenda chuo cha ualimu. Chesang alijifunza cherehani kwenye darasa la kanisa, akapata chumba Moi's Bridge, akawa anashona sare za shule, mtoto akicheza na vipande vya vitambaa chini ya meza. Siku za mavuno Nekoye alikwenda kwake wakala mboga zenye maziwa.

Wasichana wengine walipita nyumbani kwa Sellah, wakiletwa na Dinah, maana vita vilipopoa huku vilizuka kule. Si wote walioinuka. Kulikuwa na Cherop, aliyekaa siku chache bila kusema na mtu, akachukua kiondo chake asubuhi moja akaenda zake. Ilisemekana ameonekana Eldoret, kisha hakusikika tena. Sellah aliwataja wale waliofaulu mara mojamoja, watu walipouliza. Cherop alimtaja bila kuulizwa.

Shamba la Mukhisa halikurudi. Alihamia na Nakhungu kwa ndugu zake nje kidogo ya mji wa Bungoma, kwenye kipande cha kuwatosha viazi na migomba michache. Mwaka wa 1997, Nekoye akiwa tayari anafundisha, baba yake aliugua kifua. Alikwenda kumwona likizo ya Desemba. Alimkuta ameketi nje kwenye ngozi, amekonda, blanketi mabegani ingawa kulikuwa na jua. Nakhungu aliwaacha peke yao akaenda kuchota maji.

Walizungumza habari za shule, za mvua, za jirani aliyenunua ng'ombe. Kisha mzee akavuta blanketi mabegani.

"Siku ile nilikuwa na ng'ombe," akasema. "Ningekuwa nyumbani..."

"Ungekuwa nyumbani wangekuua, Baba."

Alilipokea hilo. Alivuta pumzi, kifua kikilia. Akasema kuna mambo mawili anayotaka kumwuliza kabla hajafa. Kwanza, lile la Kiminini. Pili, ile siku ya fimbo, kule kwa mwalimu. Alitaka kujua kama amemsamehe.

 Nekoye angeweza kusema ndiyo, na mgonjwa angelala vizuri. Lakini alikuwa ameishi katika nyumba ambayo hakuna aliyelazimishwa kusema asichokuwa nacho.

"Lile la Kiminini nilisamehe zamani," akasema. "Ulikuwa unatafuta pa kunificha. Lile la fimbo bado, Baba. Najaribu, lakini sijafika."

Mukhisa alitikisa kichwa polepole kukubali. Hakukasirika. Alisema ni sawa, atangoja, akaomba tu asichelewe sana, na hapo wote wawili wakatabasamu kidogo bila kutazamana.

Jua lilikuwa limegeuka. Nekoye alimsogezea baba yake ile ngozi kivulini, akaenda kumchemshia maji ya kuoga.